Barua Isiyopewa Namba

Ukishuka ngazi chini ya ofisi ya idara ya maji, ukapita ndoo za mhudumu na baiskeli mbovu ambayo hakuna anayekubali kuwa ni yake, unafika masijala, chumba cha mafaili. Humo ndani, kwa miaka ishirini na miwili, alikaa mwanamke mfupi mwenye miwani iliyofungwa uzi upande mmoja, na watu wote, kuanzia mkurugenzi hadi mlinzi wa getini, walimwita Mama Folio. Jina lake halisi lilikuwa kwenye faili lake, na faili lake alilitunza mwenyewe, kama alivyotunza ya wenzake wote mia nne na ushee.

Jina hilo la utani hakulipata bure. Kila karatasi inayoingia kwenye faili la mtumishi hupewa namba kwa wino mwekundu, juu kulia, na karatasi yenye namba ndiyo huitwa folio. Folio ya kwanza, ya pili, ya tatu, mpaka mtu astaafu au afe. Ukichomoa ya saba, ya sita na ya nane zitakusema. Wengi huona hiyo ni kazi ya kijinga, ya mtu aliyekosa la kufanya. Yeye aliona ndiyo kazi pekee katika jengo lile isiyopenda uongo, na aliwahi kumwambia hivyo mhasibu mkuu uso kwa uso. Mhasibu alikohoa, akasema ana kikao.

Aliingia idarani akiwa kibarua wa usafi. Mwaka ule bomba kuu lilipasuka ndani ya jengo lenyewe. Ndiyo, ofisi ya maji ilifurika maji, na mtaa mzima ukacheka wiki nzima. Masijala, kwa kuwa iko chini, ikapokea yote. Mafaili yakaelea. Karani wa wakati huo aliyatazama, akavua viatu, akapanda ngazi, na hakuonekana tena. Wanasema alikwenda kuuza vipuri vya baiskeli. Kibarua wa usafi alipewa brashi ya kusukumia maji nje. Badala ya kusukuma, akaanza kuokota.

Alifunga kamba kutoka nguzo hadi nguzo, akaanika karatasi kwa vibanio vya nguo alivyotoka navyo nyumbani. Zilipokauka alizirudisha kwenye majalada kwa kufuata namba nyekundu. Zile ambazo namba zilifutika alizisoma, moja moja, akajua mwenyewe ipi inatangulia, kwa sababu mtu hajibiwi barua kabla hajaiandika. Wiki saba alikuwa humo, miguu imevimba kwa unyevu. Hakuna aliyemtuma, na hakuna aliyemkataza.

Bosi wa wakati huo, mzee wa kalamu ya kijani na ulimi mkali, alishuka siku moja akachukua mafaili ishirini, akayapekua akitafuta kosa. Alitafuta hadi akachoka.

"Wewe," akamwambia, "jaza fomu ya kazi."

Fomu ilitaka cheti cha sekondari na cheti cha utunzaji wa kumbukumbu. Yeye alikuwa ameishia shule ya msingi, baba alipofariki na wadogo zake wanne wakabaki wakimtazama yeye. Dada wa mapokezi alimnong'oneza, "Andika tu unavyo. Nani atakuja kuuliza?" Kibarua wa usafi alimtazama yule dada kana kwamba amemwambia aibe. Kwenye nafasi ya elimu akaandika kwa herufi kubwa: SHULE YA MSINGI TU. CHETI KINGINE SINA. Na mzee wa kalamu ya kijani akaandika kando: "Nimeona kwamba hana. Wenye vyeti tumewapata watatu, wote wameshindwa kushuka ngazi. Aajiriwe." Akatia saini na tarehe. Karatasi hiyo ikawa folio ya pili katika faili lake, nyuma ya barua yake ya maombi.

Huyo mzee alishafariki. Lakini maandishi ya kijani yalibaki, na yangekuwa yamebaki tu humo, bila mtu kuyajali, kama ofisi ya utumishi isingempandisha cheo marehemu.

Nasema kweli. Afisa utumishi mpya, kijana wa shahada mbili na mashati yaliyopigwa pasi mpaka yanakata, alitia saini barua ya kumpongeza fundi mmoja wa mabomba kwa kupanda daraja, akimtaka "aendelee kuchapa kazi kwa ari ileile." Fundi huyo alikuwa na mwaka mzima kaburini. Mjane wake alikuja na ile barua mpaka mapokezi, akaisoma kwa sauti mbele ya wateja waliokuja kulalamikia bili, kisha akauliza ari ileile ni ipi. Hata wateja wenye hasira walisahau bili zao.

Kesho yake afisa utumishi akatoa waraka, ukabandikwa kila mlango: kuanzia leo masijala isiipe namba barua yoyote ya mtumishi kabla ya kuilinganisha na faili lake, barua inayopingana na yaliyomo kwenye faili irudishwe kwa maandishi. Na barua isiyo na namba ya masijala, kila mtu alijua, ni karatasi tu. Haitoki getini, na ikitoka, makao makuu hawaitambui. Mama Folio aliuweka waraka ule kwenye jalada lake, akaupa namba, akaendelea na kazi.

Miezi mitatu baadaye ikaja amri kutoka juu. Kila mtumishi aliyeajiriwa bila kuwa na sifa zinazotakiwa aondolewe. Ikaundwa kamati ya watu watatu, wakaomba mafaili yote. Mama Folio aliyapandisha kwa toroli, siku mbili, goti lake la kulia likilia kwenye kila ngazi. La kwake lilikuwamo. Angeweza kuliruka, na kabla hajalipandisha alishaambiwa aliruke.

Aliyemwambia alikuwa msoma mita. Mtu mrefu, mcheshi, mwenye mfuko wa ngozi begani na makovu ya mbwa wa watu miguuni. Huyu ndiye aliyembeba mama yake Mama Folio mgongoni mpaka hospitali mwaka barabara ilipokatika, na tangu hapo walikuwa kaka na dada, si kwa utani. Alishuka asubuhi moja, akafunga mlango nyuma yake.

"Dada, faili moja likipotea kati ya mia nne, nani atajua?"

"Mimi."

"Basi lipoteze na lako. Tuzame wote, tuibuke wote."

Mama Folio alijua vizuri kilichokuwa kwenye faili la msoma mita: cheti chenye muhuri wa shule uliochongwa kwa soli ya ndala, ukiangalia vizuri unaona hata mistari ya ndala. Alikuwa amekiona tangu siku ya kwanza. Alinyamaza, kwa sababu kazi yake ilikuwa kuhifadhi karatasi, si kuzihukumu, na pia kwa sababu alimpenda. Sasa akaona uzito wa kile alichokinyamazia.

"Kaka yangu," akasema, "niombe damu nikupe. Faili siwezi. Nikipoteza moja, hayo mengine yote hayana maana."

"Kwa hiyo cheti cha ndala kina maana kuliko mimi?"

"Hapana. Na hilo unalijua."

Aliondoka bila kuaga.

Kamati ilifanya kazi siku sita. Haikusoma mafaili. Ilikuwa na orodha ya baraza la mitihani na fomu yenye vijisanduku viwili, cheti halali kipo na cheti halali hakipo, ikaweka alama na kusonga mbele, kama mtu anayehesabu mbuzi bila kujali yupi ana mimba na yupi ana kidonda. Mwisho wa siku sita mafaili yakarudishwa chini, na barua kumi na moja zikashuka kwenye trei ya waya, ili zipewe namba. Barua zote zilikuwa moja. Jina tu lilibadilika. Kichwa cha habari: KUACHISHWA KAZI KWA KUKOSA SIFA ZA AJIRA. Ndani yake sentensi moja ilisema: "Imethibitika kuwa ulijipatia ajira kwa udanganyifu."

Ya nne kutoka juu ilikuwa yake.

Alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Kumwaga unga, yaani kupoteza kazi, alishajiandaa nako. Tangu amri ile itoke alishamwambia mume wake wajipange, na usiku mmoja alishalia kilio chake akakimaliza. Lakini neno lile hakuwa amejiandaa nalo. Udanganyifu! Yeye ambaye angeweza kuandika "ninavyo" na hakuandika. Damu ilimpanda mpaka masikio yakawaka.

Basi akafanya kazi yake. Akachukua barua moja moja, akaishika pembeni ya faili la mwenyewe, akalinganisha, kama waraka ulivyoagiza. Watano kati ya wale kumi na moja walileta vyeti vya kughushi. Hapo barua ilisema kweli, na barua inayosema kweli hupewa namba. Alipofika kwa msoma mita alikitazama tena kile cheti cha ndala, kisha akaandika. Waliobaki sita hawakuwahi kudanganya. Dereva wa gari la maji aliandika kwamba hakumaliza sekondari, na bosi wa enzi zake akaandika "ana leseni, inatosha." Fundi pampu aliajiriwa kabla sharti la cheti halijawekwa kabisa. Mhudumu, mlinzi na mpiga chapa mstaafu mtarajiwa, kila mmoja alisema ukweli na ofisi ikaupokea kwa saini. Wa sita alikuwa yeye.

Akachukua karatasi sita, akaandika madokezo sita kwa mwandiko wake wa kulala: "Barua hii haiwezi kupewa namba. Inapingana na folio iliyotajwa hapa chini. Irudishwe kwa marekebisho." Akazipandisha juu mwenyewe, akaziweka mezani kwa katibu muhtasi, akashuka.

Jioni, kwenye lango, msoma mita alikuwa amesimama na barua yake mkononi. Hakupiga kelele. Ingekuwa afadhali angepiga.

"Umenizika, dada."

"Mita ulizisoma sawasawa miaka kumi na minne," akamjibu. "Hilo nitalisema popote, hata nikiamshwa usingizini. Lakini ile karatasi uliileta wewe."

"Na yako umeirudisha."

"Nimezirudisha za wasiodanganya."

Msoma mita alicheka kidogo, kicheko kikavu, akaweka mfuko wake wa ngozi chini mbele ya mlinzi kwa sababu ulikuwa mali ya ofisi, akaenda zake. Mama Folio alitembea mpaka nyumbani.

Nyumbani mume wake, fundi makochi, alikuwa barazani akigongelea kitambaa kwenye kiti, misumari midogo imejaa mdomoni. Aliongea nayo humohumo. Miaka yote hiyo mke wake alishazoea.

"Mama watoto, si walisema watakutoa? Si tulishakubaliana? Chukua barua, uje tufungue duka la vitambaa. Unagombania nini?"

"Neno."

"Neno haliliwi."

"Halilali pia. Nikifa litabaki kwenye faili, na faili halifi. Atakuja mtu asiyenijua, alifungue, asome kwamba nilikuwa mwongo."

Mume akatema misumari kiganjani, jambo alilofanya kwa mambo mazito tu. Binti yao, aliyekuwa akichambua mchele kwenye ungo, hakuinua kichwa. "Mama," akauliza, "kweli uliwaambia huna cheti?"

Swali lenyewe lilimuuma kuliko barua. Kama mtoto aliyemzaa anauliza, wengine je? "Nikawaandikia kwa herufi kubwa," akasema, "na kesho watanisoma."

Asubuhi, afisa utumishi alishuka masijala kwa mara ya kwanza tangu aajiriwe. Aligonga kichwa kwenye bomba la dari, kama kila mgeni wa chumba kile. Mkononi alikuwa na zile barua sita.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Pole na bomba."

"Mama, hizi barua zangu zimerudi. Kuna shida gani?"

"Nimeiandika hapo."

"Nimesoma. Lakini hii ni lugha ya kawaida tu ya barua, haina haja ya kukuzwa. Zipe namba, makao makuu wanazisubiri leo saa nane."

"Waraka wako, bosi. Upo nyuma ya mlango. Nikusomee, au unaukumbuka?"

Aliutazama ule waraka, saini yake mwenyewe ikimkodolea macho. Mchimba kisima huingia mwenyewe, na huyu alikuwa ameshaingia mpaka kiunoni. Akavuta kiti, akakaa, akashusha sauti.

"Sawa. Nakuheshimu kama mama yangu. Ya kwako naibadilisha sasa hivi, nautoa udanganyifu, naandika tu kwamba hukuwa na cheti. Wewe zipe namba hizo tano nyingine zilivyo, tumalize. Nani atajua?"

Siwezi kudanganya kwamba hakuyumba. Aliyumba. Alichokuwa akikitaka kilikuwa kimewekwa mezani, kizima, bila kupiga magoti. Wale watano hawakuwa ndugu zake; mpiga chapa hakuwahi hata kumsalimia vizuri. Na bado swali lile la "nani atajua" lilimfikia sikioni kwa sauti ya msoma mita. Kama alimkatalia kaka yake aliyembeba mama yake mgongoni, kijana huyu wa mashati ya pasi ni nani mpaka akubaliwe?

"Sita," akasema.

"Mama, mimi naweza kukuandikia barua ya utovu wa nidhamu."

"Andika, mwanangu. Na hiyo pia itahitaji namba."

Kwanza afisa utumishi alikunja uso. Halafu, kwa kuwa hakuwa mtu mbaya, alikuwa tu mtu wa haraka, akafungua faili lililokuwa juu mezani. La dereva. Akasoma folio aliyotajiwa. Akafungua la fundi pampu. Alisoma yote sita pale chini, kwenye taa ile ya njano inayopepesa, na alipofika kwenye maandishi ya kijani alitaka kucheka, akajizuia.

"Kamati haikuniambia haya," akasema.

"Kamati haikufungua. Wewe pia hukufungua. Ulitia saini."

Afisa utumishi alizichukua barua zake, akapanda, safari hii akikwepa bomba. Saa sita na nusu alishuka tena na barua mpya sita. Neno la udanganyifu halikuwamo. Mahali pake paliandikwa kwamba mtumishi aliajiriwa bila cheti kinachotakiwa, ofisi ikiwa inajua, na kwamba hakutoa taarifa yoyote ya uongo. Mama Folio alisoma kila moja mara mbili, akailinganisha, akaipa namba. Tano akazitia kwenye kitabu cha kupelekea barua. Ya sita akaigonga muhuri wa masijala, akaipuliza wino ukauke.

"Sasa yako, mama, saini hapa chini," afisa utumishi akasema. Alikuwa amesimama kando, mikono mfukoni, mnyonge kidogo. "Ni kukiri tu kwamba umepokea na umekubali."

Chini ya barua palikuwa na mstari: Nimepokea na kukubali kwamba sina sifa za kazi hii. Mama Folio aliukata mstari ule kwa rula, kwa wino mwekundu, polepole, asije akakwaruza karatasi. Juu yake akaandika: NIMEPOKEA. CHETI SINA. SIFA NINAZO, ZIMO NDANI YA FAILI HILI KUANZIA FOLIO YA 3 HADI YA 61. Akatia saini na tarehe.

"Mama! Huwezi kuandika hivyo kwenye barua rasmi."

"Nimeshaandika. Na kwenye faili hatufuti."

Akaikunja miwani yake, akaiweka mfukoni. Akachukua kikombe chake na sweta lililokuwa likining'inia nyuma ya mlango miaka yote kwa ajili ya baridi ya chini kule. Kisha akamsogezea kijana faili lake, na ile barua juu yake.

"Si uiweke kwanza kwenye faili, ndipo uondoke?" afisa utumishi akauliza.

"Soma mstari wa tatu. Kazi imekoma kuanzia tarehe ya barua hii. Tarehe ni leo, na namba nimeshaipa. Mtu aliyeachishwa kazi hagusi faili la mtumishi. Hata la kwake."

Kijana alifungua jalada. Kulikuwa na karatasi upande wa kushoto na karatasi upande wa kulia, kamba ya kupitisha kwenye matundu, na kwenye kona namba nyekundu zikipanda moja baada ya nyingine, miaka ishirini na miwili. Akashika barua juu ya upande wa kushoto, akaihamishia kulia, akairudisha kushoto.

"Samahani, mama. Hivi hii inaingia upande gani?"

Mama Folio alikuwa ameshafika mlangoni.

"Muulize mwenye cheti," akasema, akaanza kupanda ngazi bila haraka, kwa sababu ya goti.